Kwa Miguu Yetu Kisiwani Rusinga



Mwezi wa Agosti, shule zilipofungwa, tulialikwa Kisumu kwa harusi ya mtoto wa ndugu yetu. Harusi ilikwisha salama, alhamdulillahi, na zikatubakia siku tatu kabla ya kurejea Mombasa. Badala ya kuzikalia siku hizo kwa pilau na soga, tulikwenda kisiwani Rusinga, tukatembea kwa miguu kandokando ya ziwa, watu wanne wa nyumba moja, bila ya kuajiri kiongozi. Akina mama kadhaa waliosikia habari hii wametuuliza tulifanyaje, na wengine wametuuliza, kwa sauti ya chini kidogo, kama jambo hilo lafaa. Tunawajibu wote kwa pamoja.

Kwanza hatuna budi kukiri jambo. Miaka kadhaa nyuma, katika darsa la akina mama, tulisema maneno makali juu ya wanawake wanaotembea barabarani bila ya shughuli ya maana. Tulikusudia uzururaji na mapambo, lakini ulimi haukupambanua, na waliosikia walichukua walichosikia. Miongoni mwao alikuwa ahli yetu. Mwaka juzi alipopatikana na maradhi ya sukari, daktari alimwambia atembee nusu saa kila siku. Yeye akamjibu daktari, mbele yetu, kwamba mumewe amekataza. Hakusema kwa hasira wala kwa mzaha. Alisema kama mtu anayetoa anwani yake. Daktari akatutazama, nasi tukatazama sakafu.

Kwa muda wa miezi alitembea ndani ya ua, kutoka jikoni hadi mlangoni na kurudi, mpaka zege ya ua ikawa laini. Katika miezi hiyo ndipo tulipokumbuka hadithi tuliyoisoma tungali watoto chuoni, iliyopokewa na Abu Daud, kwamba Mtume (s.a.w.) alishindana mbio na Bibi Aisha (r.a.) wakiwa safarini. Mara ya kwanza Bibi Aisha alishinda, na baadaye, alipokuwa amenenepa, Mtume (s.a.w.) akamshinda. Tulikuwa tukiwasomesha watu hadithi hii kama kisa cha mapenzi ya mume na mke, na ni kweli ndicho. Lakini mwanamke hawezi kukimbia bila ya kutoka ndani ya nyumba, na hilo hatukuwa tumelifikiri. Tukaanza kutoka naye baada ya sala ya Alfajiri, mpaka bustani ya Mama Ngina na kurudi. Kufikia Agosti alikuwa akienda mwendo wa saa nzima bila ya kusimama.

Rusinga tulikuchagua kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba hakihitaji chombo kidogo cha majini kukifikia. Kutoka Kisumu tulipanda matatu mpaka Luanda Kotieno, upande wa Siaya, na hapo tukavuka kwa feri mpaka Mbita, mwendo wa kama saa moja. Kutoka Mbita mpaka kisiwani kuna daraja fupi. Zamani palikuwa na tuta lililojazwa baina ya bara na kisiwa, likaziba maji ya mlango ule yasipite. Daraja la sasa limeyafungulia njia. Mtu huvuka kwa miguu, mkono mmoja ziwa na mkono wa pili ziwa, na hapo ndipo matembezi yetu yalipoanzia, saa moja asubuhi.

Sababu ya pili ni kisiwa chenyewe. Rusinga ni ubavu wa mlima wa moto uliokufa zamani sana. Mlima huo waitwa Kisingiri, na mabaki yake ni vilima vya Gwasi na Rangwa vinavyoonekana upande wa kusini, bara. Ulipokuwa ukiwaka ulitapika mawe ya moto na majivu, matabaka juu ya matabaka, na majivu hayo yalikuwa ya namna ya pekee, yenye chokaa nyingi, ambayo huhifadhi mifupa badala ya kuiozesha. Ndiyo maana katika makorongo ya Rusinga hupatikana mifupa na mbegu na hata majani yaliyogeuka mawe, ya karibu miaka milioni 18. Mwezi wa Oktoba 1948 Bibi Mary Leakey aliokota hapa fuvu la mnyama wa jamii ya nyani asiyekuwa na mkia, aliyeitwa Proconsul, na habari hiyo ikalitangaza jina la Rusinga duniani.

Kijana wetu wa mwisho, mwenye miaka 12, alituuliza njiani kama fuvu hilo ni la babu yetu. Tulimjibu kwamba babu yetu ni Adam (a.s.), na kwamba mifupa ile ni ya viumbe wa Mwenyezi Mungu walioishi kabla yetu kwa muda ambao akili haiwezi kuupima. Qur'ani imetuamrisha tuende katika ardhi tukatazame jinsi alivyoanzisha uumbaji. Haikutuamrisha tufumbe macho. Waliobobea katika elimu ya mifupa wana lao la kusema, na mtoto akikua atalisoma. Siku ile ilitutosha kumwonyesha majivu.

Na majivu yanaonekana. Ukishavuka mji mdogo wa Mbita na kushika barabara ya upande wa kaskazini, ukingo wa barabara katika sehemu zilizochimbwa na mvua ni kama keki iliyokatwa: tabaka jeupe, tabaka la kijivu, tabaka jekundu, kisha mawe meusi mazito. Udongo wenyewe ni mwepesi, huruka kwa kila gari inayopita. Nyumba ni za mabati, katikati ya mahindi na mtama, na minyaa imepandwa kuwa ua. Upande wa kulia ni Ziwa Viktoria, ambalo wenyeji wa Kijaluo huliita Nam Lolwe, na ng'ambo yake nchi ya Uyoma.

Sasa tueleze kwa nini hatukuchukua kiongozi, kwani ndilo swali tuliloulizwa zaidi. Vijana wanaofanya kazi hiyo wapo, na hatuna lawama juu yao. Lakini ahli yetu alisema: "Mimi nataka twende wenyewe. Nikichoka nikae chini, nisione haya." Mwenye mguu mzito na mwili wenye maradhi hupenda kwenda mwendo wake. Tena barabara ya Rusinga haipotezi mtu. Inazunguka kisiwa, na ukiwa na ziwa mkono wa kulia wakati wa kwenda, unajua ulipo. Kisiwa chenyewe ni kama kilomita 16 kutoka ncha hadi ncha, na mahali palipo papana zaidi hakizidi kilomita 5. Yatosha kujua unapotaka kufika, na saa ambayo, uwe umefika ama hukufika, utageuka nyuma. Sisi tuliweka saa saba mchana.

Njia ya ufukweni hasa, ile inayopita mchangani, hatukuifuata ila mahali pachache. Mwaka 2020 maji ya ziwa yalipanda sana, yakameza sehemu za ukingo, na mpaka sasa kuna mahali ambapo mti umesimama ndani ya maji. Penye matete msikaribie hasa asubuhi na magharibi, kwani kiboko hutoka majini usiku kwenda malishoni na hapendi kumkuta mtu kwenye njia yake ya kurudia. Na kuna jambo jingine ambalo twalisema kwa heshima ya wenyeji. Wavuvi huoga ziwani, na wanaume huoga hadharani kama walivyozoea wazee wao. Kwao si utovu wa adabu. Ndiyo bafu yao. Familia yenye wanawake na ipite barabara ya juu asubuhi mapema na jioni, ishuke ufukweni katikati ya mchana, na ikimkuta mtu anaoga, iinamishe macho na kupita. Wao nao walipoona mabuibui yetu yanakuja walikuwa wakichutama majini mpaka shingoni, jambo lililotuonyesha kwamba haya ni lugha ya wote.

Kuhusu mavazi, binti yetu mkubwa, aliyesomea uuguzi, ndiye aliyeongoza. Alimshonea mama yake buibui la kitambaa chepesi lililokatwa juu kidogo ya kifundo, na ndani yake suruali pana, ili pindo lisinaswe na miiba wala kukanyagwa penye mteremko. Viatu vilikuwa vya kufungwa kamba, vyenye soli nene, vilivyokwisha kuvaliwa mwezi mzima Mombasa. Kiatu kipya siku ya safari ni malengelenge. Soksi za pamba, jozi mbili. Mwenye sukari hapewi kandambili hata kwa dakika moja katika ardhi kama ile, kwani mguu wake unaweza kukatwa na jiwe asisikie. Juu ya mtandio, kofia ya ukili yenye ukingo mpana. Ziwa liko mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, upepo wake wa asubuhi ni baridi na humdanganya mtu wa Pwani akadhani jua halichomi.

Tulifika kwenye kaburi la marehemu Tom Mboya, kilomita kama 7 kutoka Mbita, baada ya mwendo wa saa mbili na nusu pamoja na mapumziko. Kaburi limejengewa jengo lenye umbo la risasi, kwa kuwa risasi ndiyo iliyomuua, jijini Nairobi, tarehe 5 Julai 1969, akiwa na umri wa miaka 38. Ndani kuna picha zake na vitu vyake. Tulisimama kwa adabu. Tulimweleza kijana habari za wanafunzi waliosafirishwa kwa ndege kwenda kusoma Marekani kuanzia mwaka 1959 kwa juhudi za mtu huyu, na akauliza kama kulikuwa na wasichana miongoni mwao. Walikuwapo, tukamwambia. Dada yake akamtazama kwa jicho la ushindi.

Hapo palikuwa na choo, na binti akamsihi mama yake akitumie. Akakataa, akasema hana haja. Wakati ule hatukulitilia maanani, na twataka msomaji alikumbuke.

Baada ya hapo tuliendelea mbele kuelekea magharibi, ambako vilima vya Hiwegi huinuka. Kijana aliokota kwenye korongo jiwe lenye umbo kama la jino. Huenda lilikuwa jino, huenda lilikuwa jiwe tu. Tulimwamuru alirudishe palepale alipolitoa, kwa upande uleule lilivyolala. Sheria ya Kenya ya mwaka 2006 juu ya makumbusho na urithi wa taifa inakataza kuchukua visukuku, na hata kama isingekataza, kitu kilichookotwa na mtoto na kutiwa mfukoni hakina tena habari ya kumpa mtaalamu, kwani habari iko katika mahali kilipolala. Alinuna kidogo.

Ilipokaribia saa sita mchana tuliteremka kwenye ufukwe mdogo wenye mitumbwi michache. Wanawake walikuwa wametandaza nyavu chini na juu yake wameanika omena, dagaa wadogo wa ziwani wanaovuliwa usiku kwa taa. Ardhi yote iling'aa kama fedha. Maji yalikuwa matulivu, safi ya kuonekana chini. Nasi, wudhu ukiwa umetoka, tulivua viatu, tukapandisha kanzu, tukateremka kujiandaa kwa Adhuhuri. Binti yetu akapiga ukelele mkali ambao hatujapata kuusikia kutoka kwake tangu azaliwe: "Baba, usiguse maji hayo!"

Tuliona haya mbele ya wale akina mama wa omena, na tulikaribia kumkemea. Tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutuzuia ulimi. Maji yale yana kichocho. Ndani yake huishi konokono wadogo, na kutoka kwa konokono hutoka vijidudu visivyoonekana kwa jicho, ambavyo hupenya katika ngozi nzima, isiyokuwa na jeraha lolote, kwa muda wa dakika chache tu, na hutoka kwa wingi zaidi katikati ya mchana, saa ileile ya Adhuhuri. Kichocho cha kwetu Pwani, kile cha Kwale na Tana River, hushika kibofu, na mkojo hutoka na damu. Hiki cha ziwani hushika matumbo na ini, nacho huenda miaka mtu asijijue. Dawa yake ipo, na hutolewa katika vituo vya afya. Aliyekwisha kuingia maji na apimwe baada ya wiki sita hadi nane, kwani kabla ya hapo kipimo huenda kisionyeshe kitu. Kujifuta haraka kwa taulo si kinga ya kutegemea. Maji yakichemshwa, au yakitekwa na kuachwa katika chombo siku mbili bila ya kuongezwa mapya, vijidudu hivyo hufa, na maji hayo yanafaa kutawadhia.

Basi mas'ala ya kifiqhi yakatusimamia pale ufukweni. Maji ya ziwa ni tohara, hilo halina shaka. Lakini mtaalamu mwaminifu wa tiba akikwambia kwamba kuyatumia kutakudhuru, sheria imekufungulia mlango wa tayammum. Maji ya chupa tuliyobeba yalikuwa ya kunywa, nayo yamebaki kidogo, na maji yanayohitajiwa kwa kiu hayalazimiki kutawadhiwa. Kwa madhehebu yetu ya Imamu Shafii, tayammum huwa kwa udongo safi wenye vumbi. Jiwe tupu la mlima wa moto, hata likiwa safi namna gani, halitoshi. Vumbi la Rusinga lilikuwapo la kutosha, limetuganda mpaka kwenye nyusi. Lakini kuna masharti mawili ambayo watu wengi huyasahau: usifanye tayammum kabla ya wakati wa sala kuingia, na uwe umeyatafuta kwanza maji kwa walio karibu nawe. Adhuhuri ya Rusinga huchelewa zaidi ya dakika 20 baada ya ile ya Mombasa, kwa kuwa jua hutufikia sisi kwanza. Wakati haukuwa umeingia. Tukakaa chini ya mti kungoja.

Hapo ndipo ahli yetu alipoanza kutokwa na jasho. Upepo ulikuwa ukivuma na sote tumepoa, lakini yeye uso wake ulilowa. Tulimsemesha akajibu neno lisilohusiana na tulichomuuliza. Mikono yake ikawa inatetemeka. Binti alimshika, akatazama saa, akauliza: "Mama, asubuhi ulikula nini?" Alikuwa amemeza vidonge vyake vya sukari kama kawaida, kisha akanywa chai nusu kikombe na kuonja mkate. Na njiani hakunywa maji ila kulowesha midomo. Alifanya hivyo makusudi, kwa kuogopa kushikwa na haja mbele ya wanaume mahali asipopajua.

Ndugu msomaji, twajua kwamba kila mama anayesoma maneno haya ameelewa. Wanaume huenda wasielewe, kama tusivyoelewa sisi. Miaka zaidi ya 25 tumesafiri na mwanamke huyu kwa mabasi na kwa vyombo, na hatukupata kujua kwamba kila safari huianza kwa kiu.

Vidonge vya sukari vya namna fulani, na sindano za insulini, huendelea kushusha sukari hata kama mtu hakula, na kutembea huishusha zaidi. Dalili ni zile tulizoziona: jasho baridi, kutetemeka, moyo kwenda mbio, maneno kuchanganyika. Tiba yake, madamu mgonjwa bado ana fahamu na aweza kumeza, ni sukari ya upesi, kama vijiko vitatu vya chai vilivyokorogwa katika maji, kisha kungoja dakika 15, na kurudia kama hajapata nafuu. Akitulia, ale chakula hasa. Asiyekuwa na fahamu asitiliwe kitu mdomoni, akimbizwe hospitali. Sisi mfukoni tulikuwa na tende. Tulimpa tatu, akazitafuna kwa shida. Binti alisema tende ni nzuri lakini si za haraka, akamwambia ndugu yake akimbie nyumba ile ya juu akaombe sukari.

Mtoto alikimbia. Alirudi na mama mmoja wa makamo amebeba kikombe cha maji ya sukari kwa mkono mmoja, na mkono wa pili amekamata kigoda. Hakuuliza sisi ni nani. Alimweka ahli yetu juu ya kigoda, akamnywesha mwenyewe, huku akimfuta uso kwa pindo la leso yake. Akasema kwa Kiswahili cha huko kwamba mama yake mzazi alikuwa na ugonjwa huohuo. Baada ya dakika chache ambazo kwetu zilikuwa ndefu kuliko safari nzima, ahli yetu aliinua macho akauliza kwa nini tunamtazama hivyo.

Alitupeleka kwake. Alipika chai ya maziwa na viazi vitamu. Kabla ya yote, bila ya kuambiwa, alimchukua ahli yetu na binti yetu akawaonyesha choo, nyuma ya nyumba, na ndoo ya maji. Mabati ya nyumba yake yalikuwa na mfereji unaoshusha mvua katika tangi jeusi. Maji ya mvua, hayakupata kufika ziwani. Tulimwomba ya kutawadhia, akatuletea birika. Tayammum ikawa haina nafasi tena, kwani maji yamepatikana.

Tulisali Adhuhuri na Alasiri kwa kukusanya na kupunguza, rakaa mbili mbili, kwani tulikuwa wasafiri ambao hatujanuia kukaa siku nne. Kibla cha Mombasa ni kaskazini karibu sawasawa. Cha Rusinga ni kaskazini kuinamia mashariki kidogo. Kwa hiyo katika ua ule, upande wa kaskazini wa kisiwa, tulielekea ziwani. Mama mwenye nyumba alizima redio yake na kuwafukuza kuku. Yeye ni Mkristo, na juu ya mlango wake pana picha ya Maria. Wenzetu wa Pwani husema watu wa Ziwani hawajui mambo yetu. Kule Kendu Bay kuna Waislamu wa Kijaluo tangu zama za wazee wao, na Kisumu adhana husikika mpaka katikati ya mji. Lakini hata asiyekuwa Mwislamu kisiwani alijua kwamba anayesali hapitiwi mbele na kuku.

Malipo aliyakataa. Tulimwachia tende zilizobaki, tukamwambia erokamano, neno la Kijaluo la kushukuru, ambalo ndilo tulilokuwa nalo. Akacheka tulivyolitamka.

Kurudi hatukutembea. Binti alikataza, na saa saba tuliyoiweka ilikuwa imepita. Pikipiki zipo tele, lakini hatukutaka mabanati wapande nyuma ya mwanamume asiyekuwa maharimu wao, hivyo mtoto wa mama yule alituitia probox, ikatufikisha Mbita kwa muda mfupi mno kuliko ule tuliotumia asubuhi. Mawingu yalikuwa yamekwisha kukusanyika, na kabla ya Magharibi mvua ya radi ilipiga ziwa likawa jeusi. Anayekusudia kuvuka kwa mtumbwi, kwa mfano kwenda kisiwa jirani cha Mfangano, na avuke asubuhi, na asikubali kupanda bila ya jaketi la kuokolea, kila mtu na lake, hata mtoto.

Usiku ule binti alimkalisha mama yake kitandani, akamulika nyayo zake kwa tochi, kidole baada ya kidole, akitafuta mkwaruzo. Hapakuwa na kitu. Sisi tulikuwa na malengelenge mawili, na hakuna aliyetumulika.

Tangu turudi, hatutoki nyumbani na ahli yetu kwenda popote kabla ya kumuuliza kama amekula, kama amekunywa, na kumwambia choo kiko wapi tuendako. Kwanza alitucheka, sasa amezoea. Darsa la akina mama tumelirudia, na yale maneno ya zamani tumeyatengua kwa ulimi uleule, mbele ya wengi kati ya waliokuwapo siku ile. Mama mmoja mtu mzima alisema, kwa sauti ya kusikika na wote, kwamba magoti yake yangependa kujua tulikuwa wapi miaka yote hiyo.

Ahli yetu ameviweka viatu vyake karibu na mlango. Anasema kisiwa tumekizunguka nusu tu, na upande wa kusini hajauona. Tumemwambia Desemba, inshaallah, mvua ikituruhusu. Soksi amekwisha kununua.